Blanketi la Viazi: Nyama, Pilipili na Mahindi kwa Namna ya New Mexico

(Mazungumzo yaliyotolewa na mama msimamizi wa mradi wetu wa mapishi siku ya maadhimisho ya miaka kumi ya kikundi. Yalinaswa na kuandikwa, kisha mwenyewe akayapitia. – Kamati ya Kijitabu)



Kamati imenipa nusu saa nieleze kile chakula. Kila mtu hapa Mbeya anayetufahamu anasema hivyo hivyo, "kile chakula". Wengine wanasema "viazi vya Wamarekani". Sisi wenyewe jikoni tunakiita blanketi, kwa sababu nyama imelala chini na viazi vimeifunika mpaka shingoni. Basi leo nitalifunua blanketi hilo, ndani na nje. Nitasema pia habari ya mwaka 2019. Mwenyekiti aliniuliza kama nina hakika nataka kuisema mbele ya wageni. Nikamwambia kama haisemwi, kijitabu hiki kitakuwa na picha tu.

Kwanza nilivyokipata. Wengi mnajua kwamba mwaka 2017 nilikwenda Marekani kumsaidia binti yangu aliyejifungua mapacha. Walikuwa wanakaa mji unaoitwa Albuquerque, jimbo la New Mexico, kule kusini magharibi, jirani na nchi ya Mexico. Nilitegemea kukuta maghorofa kama ya kwenye televisheni. Nilikuta nchi kavu, vumbi, jua kali, na mlima mkubwa upande wa mashariki. Mji ule uko juu kiasi cha mita 1,600 kutoka usawa wa bahari, karibu sawa na hapa kwetu. Usiku baridi, mchana jua. Nilijisikia nyumbani, isipokuwa mvua hakuna. Ule mlima unaitwa Sandia, maana yake kwa Kispaniola ni tikiti maji, maana jua likizama unageuka rangi ya waridi kama tikiti lililopasuliwa.

Sasa ilipofika mwezi wa nane, nikawa nasukuma kigari cha watoto barabarani, nikasikia harufu. Jamani! Harufu ya kitu kinachoungua vizuri, kama mahindi ya kuchoma pale stendi, lakini kuna ukali unaopanda puani. Nikaifuata. Nje ya duka kulikuwa na kijana anazungusha pipa la waya juu ya moto wa gesi, na ndani ya pipa pilipili za kijani, ndefu kama kiganja, zinaruka na kupasuka mpaka maganda yanakuwa meusi. Watu wamepanga foleni na magunia. Wananunua za mwaka mzima, wanakwenda kuzimenya na kuziweka kwenye friza.

Pilipili kule ni kama ndizi kwa Wanyakyusa. Si kiungo, ni chakula. Mwaka 1965 serikali ya jimbo ilipitisha kwamba mboga zao rasmi ni mbili, pilipili na maharage. Wana hata swali rasmi la jimbo. Ukikaa mkahawani, mhudumu hakuulizi unakunywa nini. Anakuuliza: nyekundu au kijani? Maana yake mchuzi wa pilipili iliyoiva na kukaushwa, au wa pilipili mbichi iliyochomwa. Ukitaka zote mbili, unasema "Krismasi". (Kicheko.) Ndiyo, Krismasi, hata kama ni mwezi wa tatu.

Na tusidhani ni mambo ya porini tu. Kuna mtaalamu aliyeitwa Fabián García, alikuwa akifanya kazi katika chuo cha kilimo cha jimbo hilo. Mwaka 1913 akatoa mbegu ya pilipili aliyoiboresha kwa miaka mingi ili zote zitoke na ukubwa mmoja na ukali unaotabirika. Akina mama mnaouza pilipili Mwanjelwa mnanielewa. Mteja anataka kujua anachonunua. Ukimuuzia leo inayobembeleza na kesho inayomliza, harudi.

Jirani ya binti yangu alikuwepo mama mjane, umri wake miaka sabini na kitu. Kiingereza changu mnakijua, na yeye Kiswahili hana. Tulizungumza kwa mikono na vijiko. Siku moja akanialika, akatoa kwenye oveni treya yenye viazi vimepondwa, juu vimekuwa vya dhahabu. Nikasema moyoni, ah, hiki nakijua, hiki ni chakula cha Waingereza. Nikachota. Chini yake nikakuta nyama yenye harufu ya pilau.

Hapo ndipo nilipokaa chini. Harufu ya pilau, Marekani, kwa mtu ambaye hajawahi kuonja pilau maishani mwake! Nikamwomba anionyeshe alichotia. Akaleta kichupa. Bizari nyembamba, ile ile jira yetu. Nikaenda nacho kwa binti yangu mbio, nikamwambia nusa.

Bizari ile haikuota Amerika. Ni mmea wa upande wa bahari ya Mediterania, na Waarabu na Wahindi waliuleta pwani yetu pamoja na pilau. Kule ilipelekwa na Wahispania. Wahispania waliingia New Mexico kuweka makao mwaka 1598, wakiongozwa na Juan de Oñate, wakaja na kondoo, ng'ombe na ngano. Waliwakuta wenyeji wanalima mahindi, maharage na maboga, watatu hao shambani pamoja, kama bibi zetu walivyopanda. Basi chakula kile mnachokiita cha Wamarekani, nyama yake ilitoka Ulaya, mahindi ni ya wenyeji, bizari imetoka upande wetu wa dunia. Na viazi, ambavyo sisi tunaviita viazi ulaya, kwao si Ulaya hata kidogo. Vilitoka milima ya Andes, Peru na Bolivia huko. Ulaya vilipita njia tu.

Yule mama alinieleza, binti akitafsiri, kwamba marehemu mumewe alikuwa askari wa anga, akapangwa Uingereza miaka kadhaa. Alirudi akiwa anakumbuka chakula kimoja, pai ya mchungaji. Waingereza wakitumia nyama ya kondoo wanaiita ya mchungaji, wakitumia ya ng'ombe wanaiita pai ya kibanda. Asili yake ni umaskini wa kujistahi. Jumapili wamechoma nyama, Jumatatu mabaki yanakatwa vipande vidogo, yanafunikwa viazi, yanaokwa. Kwa lugha nyingine ni kiporo kilichovaa kanzu. (Kicheko.) Mke akampikia. Mume akala, akashukuru, kisha akauliza kwa upole kama pilipili imekwisha nyumbani. Tangu siku hiyo pai ikahamia New Mexico.

Sasa namna ya kupika. Nitataja vipimo vya watu kumi, ambayo ni treya moja ya kiasi cha sentimita 30 kwa 40.

Viazi kilo mbili. Nyama ya kusaga kilo moja, ya ng'ombe au ya mbuzi, na mbuzi ni tamu zaidi ila mafuta yake yakipoa yanaganda mdomoni, kwa hiyo iliwe moto. Vitunguu maji viwili vikubwa, kitunguu saumu punje sita, nyanya tano zilizoiva, nyanya ya kopo vijiko viwili. Pilipili hoho za kijani nne. Pilipili kali moja au mbili, kwa kadiri ya wageni wako. Bizari nyembamba vijiko viwili vya chai. Mahindi mabichi magunzi matatu. Maharage yaliyokwisha kuchemshwa, vikombe viwili. Ndimu moja. Maziwa robo lita, siagi au blubendi vijiko vitatu, chumvi. Jibini ukiwa nayo. Usipokuwa nayo, viini vya mayai mawili.

Kila kitu kinaanza na hoho. Pilipili za Hatch hatuna, na ukizikata hoho zetu mbichi ukazikaanga, utapata chakula kizuri cha Mbeya lakini si hiki. Lazima ziungue. Weka hoho nzima juu ya makaa yenyewe, si kwenye kikaango. Zigeuze kwa koleo mpaka ganda liwe jeusi pande zote. Usiogope, ni ganda tu. Halafu zitie kwenye sufuria, funika, zikae dakika kumi zijitolee mvuke. Ukifunua, ganda linavuka kwa vidole kama soksi. Usizioshe kwenye maji, maana moshi ndio unaoutafuta, na maji yatauondoa. Zikate vipande. Hapo umepata ile harufu niliyoifuata barabarani na kigari cha mapacha.

Pilipili kali nayo ichomwe hivyo hivyo. Lakini mwenye kuimenya asiguse macho wala asimshike mtoto. Ukali wa pilipili hautoki kwa maji matupu. Paka mafuta ya kula mikononi kwanza, sugua, ndipo uoshe kwa sabuni. Na kama mgeni ameungua mdomo, mpe maziwa, usimpe maji.

Bizari kaanga kavu, nusu dakika tu, mpaka inuke, kisha itwange. Ya kopo iliyokaa dukani mwaka mzima haina kazi.

Kaanga vitunguu mpaka viwe vya kahawia. Tia nyama, na hapa akina mama wengi tunaharakisha. Tunatia nyama na nyanya pamoja, nyama inachemka badala ya kukaangika. Iache nyama ikauke maji yake, ianze kulia kwenye sufuria, ishike rangi. Ndipo saumu, bizari, nyanya ya kopo, halafu nyanya. Zikishavunjika, tia hoho, pilipili, maharage na mahindi. Punguza moto. Mchuzi ukauke. Utajuaje? Pitisha mwiko chini ya sufuria. Njia ikibaki wazi kidogo kabla haijafunga, tayari. Ikifunga mara moja, bado. Ukiwa na haraka ukaweka viazi juu ya mchuzi mwepesi, viazi vitazama, na badala ya blanketi utakuwa na uji. Mwisho kamulia nusu ya ndimu.

Mahindi, chagua yale ambayo ukibonyeza punje kwa ukucha linatoka tui jeupe. Kule wanatumia mahindi matamu ya njano, laini. Yetu ni magumu kidogo, kwa hiyo yachemshe kwanza. Maharage yalowekwe usiku kucha, maji ya kulowekea yamwagwe, yachemke kwa nguvu angalau dakika kumi kabla hujapunguza moto, hasa yale mekundu, maana mabichi mabichi yanaumiza tumbo vibaya. Na hapa kwetu juu, maji yanachemka kabla ya kufika nyuzi 100, kama nyuzi 94 hivi, ndiyo maana ndugu zetu wa Dar es Salaam wakija wanalalamika maharage ya Mbeya hayaivi. Yanaiva. Wavumilie.

Viazi, menya, kata vipande vinavyolingana, anza na maji ya baridi yenye chumvi. Vikiiva mwaga maji yote, rudisha sufuria motoni dakika moja vitoe mvuke. Ponda vikiwa moto, na maziwa yawe ya moto. Usitwange kwenye kinu wala kusaga kwenye mashine. Kiazi kikisumbuliwa sana kinatoa gundi, utapata kitu cha kubandikia mabango ya uchaguzi. Changanya siagi, viini au jibini, chumvi.

Tandaza nyama kwenye treya, iache ipoe dakika kumi. Viazi anza kuviweka pembeni mwa treya, ziba ukingo wote, ndipo uje katikati. Ukianza katikati, mchuzi utapanda kandokando. Piga mistari kwa uma juu, maana vile vichuguu ndivyo vinavyokuwa vya dhahabu. Oveni ya nyuzi 200, dakika 30 hadi 35.

Asiye na oveni asisikitike, mimi mwenyewe nilianza bila oveni. Tumia sufuria pana yenye mfuniko wa bati bapa. Makaa machache chini, mengi juu, ni kupalia moto kama wali au keki. Theluthi moja chini, theluthi mbili juu. Dakika arobaini. Usifunue funue.

Nimeulizwa kama tunaweza kuweka ugali juu badala ya viazi. Msicheke, kule kipo! Texas na majimbo ya jirani wana chakula chao cha nyama ya pilipili kilichofunikwa na unga wa mahindi uliokorogwa, kinaokwa. Nilijaribu hapa kwa unga wa sembe. Mzee wangu alikula, akasema ni ugali na mboga vilivyogombana vikalazimishwa kulala kitanda kimoja. (Kicheko.) Sijarudia.

Sasa mwaka 2019.

Mwezi wa kumi mwaka ule nilipata kazi ya kulisha watu 120, sherehe ya familia. Mteja alikuwa ameonja blanketi kwangu, akalitaka. Tulipatana shilingi 6,000 kwa sahani, jumla 720,000, akatanguliza 150,000. Nikakopa kwenye sanduku letu shilingi 400,000, na riba yake inakuwa 440,000. Wenye funguo tatu walikuwepo, walifungua wote watatu, mnakumbuka. Ilikuwa imebaki miezi miwili tufike kwenye mgao wa Desemba.

Nikafikiri nitafanya akili. Viazi vya watu 120 si mchezo. Nikavipika jioni ya siku iliyotangulia, nikavipondea maziwa na siagi, nikajaza ndoo mbili za lita 20, nikafunika vifuniko. Halafu, na hili ndilo linalonichoma mpaka leo, nikazifunika na blanketi. Blanketi kweli, la kitandani. Nikawaza, zikae na joto, asubuhi zisinisumbue.

Asubuhi saa nne, nyama iko tayari, nimeipika alfajiri, inanukia mtaa mzima. Nafungua ndoo ya kwanza, naona vitobo vitobo juu. Nafungua ya pili, harufu ya togwa.

Tulikuwa watano jikoni. Kukawa kimya. Kisha mmoja wetu akasema, tuitie pilipili na bizari zaidi, ikiokwa moto utaua kila kitu, nani atajua. Simtaji, na wala sikuja kumsema, kwa sababu neno lile lilikuwa kinywani mwangu pia, yeye alilitangulia tu. Nilihesabu kichwani. Laki nne. Sanduku. Wenzangu ishirini na sita. Nikachukua mwiko.

Mwekahazina wetu, yuko pale amevaa kilemba cha bluu, alikuwa amekuja kubeba treya. Akainama, akanusa, akaniambia, "Dada, hiki hakiendi. Mwaga." Nikamwambia, "Zile ni pesa zako." Akasema, "Ndiyo maana nasema mimi."

Tulimwaga. Ndoo mbili. Hata nguruwe wa jirani hatukuwapa.

Baadaye nilikwenda kumwuliza bibi afya wa zahanati anieleze, maana sikuelewa, viazi vilikuwa vimeiva, vimefunikwa, nzi hakuingia. Akaniambia adui hakutoka nje. Chakula chenye unyevu kikikaa katika joto la kati, zaidi ya nyuzi 5 na chini ya 60, vijidudu vinaongezeka mara dufu kila baada ya muda mfupi. Ndoo ya lita 20 katikati yake haipoi usiku kucha, na mimi nikaiongezea blanketi. Nilikuwa nimevitengenezea kitanda. Na lile la kuoka tena? Akasema vijidudu vingine vitakufa motoni, lakini sumu ambayo vimekwisha kuitema ndani ya chakula, nyingine haziharibiwi na moto wa kawaida. Watu 120. Kulikuwa na wajawazito pale na watoto wadogo. Nikamwomba kiti.

Siku ile wageni walikula wali kwa nyama ya pilipili, saa tisa na nusu badala ya saa saba. Mchele niliuchukua kwa mkopo dukani. Wengine walisifu hata. Lakini mteja alikuwa ameagiza kitu kingine na kwa saa nyingine, akakata malipo nusu, ikawa 360,000. Sikubishana, alikuwa na haki. Kwa kuwa 150,000 alishatoa, nikapokea 210,000. Mchele 75,000, vibarua 50,000. Nilikwenda kwenye kikao na shilingi 85,000 mkononi.

Kikao kile wengine mlikuwepo. Yalisemwa maneno. Walikuwepo waliosema nitolewe, na kwa kanuni zetu walikuwa na hoja. Desemba kila mwanachama alipungukiwa zaidi ya shilingi 13,000 kwa ajili yangu. Elfu kumi na tatu ni sare ya mtoto. Ni mbolea. Mama mmoja aliniambia mbele ya wote kwamba alikuwa ameshaahidi mahali pesa ile, na sikuwa na la kumjibu.

Waliamua nibaki, nilipe kwa mwaka mmoja. Nikauza chapati asubuhi na blanketi la treya moja moja Jumamosi. Nilimlipa kila mmoja mkononi, na kila mmoja alitia sahihi kwenye daftari. Wa mwisho alikuwa yule mama, Novemba 2020. Akahesabu mara mbili, akaitia kwenye kanga, akaniuliza Jumamosi nina treya ngapi maana ana wageni.

Tangu hapo tunapika kwa masharti, na Mwenyekiti ameyabandika ukutani. Viazi vinapondwa siku ile ile ya kuliwa. Kama kuna cha kulala, ni nyama tu, na inamwagwa kwenye treya pana, kina kisizidi vidole vitatu, ipoe haraka, iingie kwenye friji kabla ya saa mbili kupita tangu itoke motoni. Kesho yake ichemke kabisa mpaka katikati. Ndoo haziruhusiwi. Blanketi la kitandani libaki kitandani. (Kicheko na makofi.)

Mwaka 2022 kikundi kilinunua jiko la gesi lenye oveni, kuukuu, kwa mtu aliyekuwa anahama. Mlango wake haufungi sawasawa, tunauegemeza na tofali. Linaingiza treya mbili kwa mpigo. Siku hizi mradi si wangu, ni wa kikundi, na mimi ni msimamizi tu anayegombana na watu kuhusu mchuzi mwepesi. Wasichana wawili wanaojifunza kwetu wameshaanza kunishinda katika kuchoma hoho. Mmoja anatia boga kidogo kwenye nyama. Nilimkataza, kisha nikaonja, nikanyamaza.

Yule mama wa Albuquerque bado tunasalimiana. Binti humpelekea picha. Alipoona makaa juu ya mfuniko alishangaa sana, akaandika kwamba bibi yake alikuwa akioka hivyo hivyo, sufuria ya chuma, makaa juu. Sikumweleza habari ya ndoo.

Naona Katibu ananyoosha saa. Treya sita ziko meza ya kulia, mbili hazina pilipili kali, zimewekewa kijani cha giligilani juu ili mzitambue, ni za watoto na wazee. Mchuzi wa pilipili nyekundu na wa kijani uko kwenye mabakuli pembeni. Mheshimiwa Diwani atatangulia, ila naomba aulizwe kwanza: nyekundu au kijani? Na aliyeazima sufuria yangu pana ya bati tangu Pasaka, nimemwona ameingia, naomba tuonane kabla hajaondoka.